Nino Rota, melodi iliyotumika mara mbili na Oscar iliyomponyoka: uchambuzi wa kisa

Kila tukimaliza mazoezi klabuni mjadala ni ule ule, na kwa vile kwenye grupu la WhatsApp watu wanaandika mstari mmoja mmoja wa hasira bila kueleza kitu nimeona niuandike hapa kisa kizima. Mwenzetu mmoja mpiga udi alitunga muziki wa mchezo wa jukwaani ulochezwa Ngome Kongwe hapa Unguja, watu wakaupenda, afu baadae dairekta mmoja kijana wa hapa hapa mjini akamwita amtilie muziki filamu yake, na jamaa akaichukua ile melodi kubwa ya mchezo, akaipunguza mwendo, akaibadilishia ala, akaitia kwenye filamu. Siku filamu inaoneshwa mara ya kwanza yumo ukumbini bibi mmoja alocheza kwenye ule mchezo, kaisikia tu kasimama, "hii si yetu hii!" Tangu hapo hamna amani. Kikundi cha maigizo wanasema wameibiwa, dairekta kanuna, anasema yeye kalipia chakula cha moto kapewa kiporo, na vijana klabuni washampa mwenzetu jina la mvivu.

Langu ntalisema, ila nataka nipitie kwa mtu mwengine kwanza. Kisa kama hichi kilimkuta mtunzi mkubwa wa Italia kikamkosesha Oscar, ile zawadi kubwa ya filamu Marekani, na ukikitizama cha kwake ukiwa umetulia cha kwetu kinakuwa chepesi, maana yule humjui, huna kinyongo nae wala hakudai.

Anaitwa Nino Rota. Jina unaweza usilijue lakini melodi yake unaijua, ile ya filamu ya The Godfather ya 1972, ya polepole, yenye mandolini, inapigwa maharusini, kwenye honi za magari, kwenye simu za watu, hata mpiga kodiani wetu akipasha vidole anaanzia pale. Kazaliwa Milano tarehe 3 Disemba 1911, nyumba ya muziki, babu yake upande wa mama mtunzi, mama mwenyewe mpiga piano. Alipokuwa na miaka 11 alishatunga kazi ya kwaya na okestra, na 1923 ikapigwa mbele ya watu. Yani mtoto wa rika la kucheza gololi. Baadae, kwa ushauri wa kondakta Toscanini, akapelekwa Marekani, skuli ya muziki ya Curtis kule Philadelphia, 1930 mpaka 1932, karudi kwao akasomea fasihi chuo kikuu akamaliza 1937, afu akaingia ualimu. Konsavatori, yani skuli ya muziki, ya Bari, kusini ya Italia, aliiongoza kuanzia 1950 kwa zaidi ya miaka 25, na kondakta Riccardo Muti ni katika vijana alowaona mapema akawatia moyo.

Hapo pa ualimu msipapite haraka. Rota alikuwa na mshahara. Filamu hakuzifanya kwa njaa, alizifanya kama mtu anayeandika kwa mkono mwepesi na hawezi kukaa bure. Filamu zaidi ya 150 katika maisha yake, kuna miaka alofanya kumi na zaidi, huku anaendesha skuli na huku anaandika opera. Ile opera yake inayopendwa zaidi, ya komedi ya kofia ya majani, Il cappello di paglia di Firenze, ilipanda jukwaani Palermo 1955, na maneno yake aliyapanga yeye na mama yake mzazi, mi hili nalipenda sana sijui kwa nini, mtu mzima anakaa na mama yake mezani wanapanga nani amfukuze nani na mlango upi ufunguke lini.

Na Fellini, dairekta mkubwa wa filamu wa Italia, ndo usiseme. Walianza 1952 na wakaenda pamoja filamu baada ya filamu mpaka Rota anakufa, Roma, tarehe 10 Aprili 1979. La strada, La dolce vita, 8½, Amarcord, zote muziki wake. Kazi yao ilikuwa ya kukaa wawili kwenye piano, Fellini anahadithia, mwenzake vidole vinatafuta, kikitokea kitu kizuri wanakamata.

Sasa tuje kwenye kile kinachotuhusu. Rota melodi zake zilikuwa zinatembea. La strada ni filamu ya 1954, mwaka 1966 muziki wake ukawa baleti pale La Scala, Milano, nyumba ambayo mtunzi wa Italia akiingia ashafika. Il Gattopardo, filamu ya dairekta Visconti, 1963, sehemu kubwa ya muziki ilitoka kwenye simfoni aloiandika mwenyewe 1947 ikawa imekaa kwenye droo. Na Napoli milionaria, mchezo wa Eduardo De Filippo, Rota alitunga muziki wa filamu yake 1950, afu 1977 akatunga opera ya hadithi hiyo hiyo ikaoneshwa Spoleto. Kutoka droo kwenda sinema, kutoka sinema kwenda jukwaani, na miaka yote hiyo hamna alomkamata shati.

Isipokuwa kwa The Godfather.

Huyo De Filippo tuliyemtaja alikuwa pia dairekta, na 1958 alitengeneza filamu ya komedi inaitwa Fortunella, mwigizaji mkuu Giulietta Masina, mke wa Fellini. Muziki wa Rota. Mle ndani imo melodi moja inakwenda mbio, ya kuchekesha kidogo, ya watu wanaohangaika na maisha wakajifanya hawahangaiki. Miaka 14 baadae dairekta Francis Ford Coppola anamtaka Rota kwa filamu ya wahuni wa Kisicilia wa New York, na Rota anaichukua melodi ile ile, anaipunguza mwendo, anaipa mandolini na nyuzi, na inakuwa ile ya mapenzi ya Michael, mhusika mkuu, kule Sicilia, ile ambayo hata mtu asiyejua filamu inahusu nini akiisikia anainamisha kichwa.

Kwa msomaji wa kwengine hapa ningelazimika kueleza sana, kwa mtu wa Unguja silazimiki. Chukua wimbo wowote wa taarab unaoupenda. Usikie kwanza kidumbak, ile taarab ya ngoma ndogo, harusini uwanjani, sanduku linadunda, vidumbak viwili vinabishana, mkwasa na cherewa juu yake, fidla moja tu inalia na aneipiga jasho linamtoka, kina mama washafunga kanga kiunoni wanakata. Afu wimbo huo huo usikie kwa okestra nzima, ganuni inafungua, fidla zote zinaingia kwa pamoja, udi chini yake, mwimbaji katulia mikono mbele, watu wanakuja kutunza mmoja mmoja kwa adabu. Noti ni zile zile. Mgeni ukimchezea zote mbili atakwambia hizi nyimbo mbili, na hakosei sana, maana ule wa kwanza umefanya kazi moja na wa pili umefanya kazi nyengine kabisa. Fortunella ndo kidumbak, Godfather ndo ukumbini.

Coppola mwenyewe amesimulia kwamba wakubwa wa studio mwanzoni hawakuupenda muziki wa Rota na ilibidi aupiganie. Leo ukimwambia mtu hivo anacheka. Ile filamu inaanza skrini nyeusi, tarumbeta moja peke yake, hamna ngoma, hamna okestra, tarumbeta inapiga kama mtu anaepita njia usiku, na kabla hujaona sura ya mtu ushajua hapa pana huzuni na pana hatari. Ile tarumbeta si melodi ya Fortunella, ni nyengine, naitaja kwa sababu watu wanazungumza kama vile muziki wote wa Godfather ulitoka droo. Haukutoka.

Basi mwanzoni mwa 1973 yakatoka majina ya wanaowania Oscar na Rota yumo, muziki bora wa filamu ya dramatiki. Afu ikajulikana habari ya Fortunella. Kanuni ya Oscar inataka muziki uwe umeandikwa kwa ajili ya filamu yenyewe, wakamtoa. Kura ya watu wa muziki ikarudiwa na nafasi yake ikaingia Sleuth, muziki wa John Addison. The Godfather ikabaki na uteuzi 10 badala ya 11 na ikashinda 3, filamu bora ikiwemo.

Na Oscar ya muziki mwaka ule aliipata nani? Limelight ya Charlie Chaplin. Filamu ya 1952! Ilikuwa haijaoneshwa Los Angeles mpaka 1972 ndo maana ikahesabika ya mwaka ule. Yani mtu katolewa kwa sababu melodi yake ina miaka 14, zawadi ikaenda kwa muziki wenye miaka 20. Kikanuni hamna kosa, Limelight ni kongwe lakini iliandikwa kwa Limelight. Ila mi kila nikifika hapa huwa nacheka peke yangu.

Golden Globe na Grammy hawakujali, wote wawili walimpa Rota zawadi kwa muziki huo huo. Na 1975 Oscar wenyewe wakampa, kwa The Godfather sehemu ya pili, pamoja na Carmine Coppola, baba yake dairekta, na ile melodi ya mapenzi imo tena ndani ya filamu ya pili! Ilotolewa nje kwa kuwa si mpya, miaka miwili mbele imezidi kuwa si mpya na inachukua zawadi.

Haya, tuchambue. Wizi? Hapana, melodi ni yake mwenyewe, mtu hajiibii. Uvivu? Mtu wa filamu 150 na opera na skuli ya kuendesha, mvivu yupo hapo? Mi naona wanaosema uvivu hawajawahi kutunga muziki wa mchezo wala wa filamu. Anaetunga wimbo wa taarab anapewa shairi, anakaa nalo, linamwambia mwendo. Anaetunga kwa jukwaa au kwa filamu anapewa mlango unafunguka, mtu anaingia, sekunde thelathini, mtu anatoka, na kesho dairekta kakata sekunde kumi na muziki wako unaanguka katikati. Kazi kubwa haiko kwenye kuvumbua noti nane mpya, iko kwenye kujua zinaingia wapi, kwa ala gani, zinanyamaza lini. Melodi ya Fortunella ilikaa miaka 14 bila ya kumliza mtu, kilomliza mtu ni mwendo, mandolini, na pahala ilipowekwa. Hiyo ndo kazi mpya aloifanya Rota 1972, na ndo ambayo kanuni ya Oscar haina macho ya kuiona.

Lakini, na hapa wenzangu wa upande wa mpiga udi msinichukie, kanuni ilikuwepo na imeandikwa. Wale hawakuuliza muziki ni mzuri au mbaya, waliuliza umeandikwa kwa filamu hii au la, na jawabu ya kweli kwa melodi ile ni la. Wanaosema Rota alionewa 1973 wanachanganya mambo mawili, ubora wa kazi na sharti la kuingia. Mi nasema hakuonewa. Kilichoharibika ni kwamba muziki uliingizwa kwa jina la "mpya" na habari ya Fortunella ikaja kusemwa na wengine, na habari yako ikisemwa na mwengine kwanza hata iwe ndogo vipi inanuka.

Na kwetu je? Kwanza tuseme ukweli, Zanzibar sisi si watu wa kumrushia jiwe mtu kwa melodi kutembea. Taarab yenyewe ilikuja kwa safari, Sultan Barghash kampeleka Mohamed bin Ibrahim Misri akajifunze ganuni, Ikhwani Safaa wapo tangu 1905 na mwanzo walikuwa wanaimba Kiarabu, Siti binti Saad na wenzake wakaitia Kiswahili na 1928 wakaenda mpaka Bombay kurikodi. Na filamu za Kihindi na za Kimisri, nani hajui nyimbo ngapi za maharusi wetu mahadhi yake yalitoka kwenye skrini? Wazee walikuwa wanaingia sinema wanatoka na melodi kichwani, usiku ishavaa shairi la Kiswahili.

Ila zamani melodi ilikuwa inaishia harusini. Sasa filamu inakwenda mtandaoni, inakwenda matamasha ya nje, kila pahala kuna fomu inauliza muziki ni wa nani. Na sisi klabuni tumezoea vyengine, shairi la fulani, muziki katia fulani mwengine, kaimba wa tatu, na mwisho wimbo unaitwa wa klabu. Nyumbani haisumbui. Ikitoka nje ya mlango tu hujui umuulize nani.

Kwenye kisa chetu kikundi cha maigizo hawakumwajiri jamaa, walimpa nauli na chai, na hawana hata karatasi moja ya kuonesha kawauzia melodi. Walichonacho ni haki ya kusikitika, maana walitegemea watu wakisikia ile melodi wakumbuke mchezo wao, na haki hiyo mi naiheshimu lakini si ya kumzuia mtu. Dairekta ndo mwenye hoja. Nimeuona ujumbe aloandika wakati anamwita, upo kwenye simu mpaka leo, "nataka muziki mpya wa filamu yangu". Mpya. Jamaa kajibu "sawa kaka inshallah". Hapo ndo Fortunella yetu ilipo. Angemwambia tu kaka nna melodi ilipita Ngome Kongwe naona itakaa vizuri kwenye mandhari ya bandarini, ukiipenda tuitumie usipoipenda natunga nyengine, yasingekuwepo haya yote, na nahisi dairekta angeikubali, maana kwenye filamu ile mandhari ya bandarini ndo pekee ambayo kila mtu anaitaja.

Maalim wetu wa ganuni alimwita akamwambia mbele yetu, "Mwanangu, melodi ni yako, lakini ahadi si yako peke yako." Akajibu, "Maalim, mbona wewe mwenyewe unazo nyimbo tatu zilotoka bashraf moja, muziki wa ala wa kufungulia taarab?" Watu wakacheka mpaka maalim akacheka. "Nnazo," kasema, "lakini hakuna hata mmoja niliyemwambia ni mpya."

Kilichofanyika mwisho ni hichi. Wamekaa watatu na mtu mmoja anaejua mambo ya hakimiliki, maana hili wengi hawalijui, hakimiliki si jambo la Muungano, Bara wana ofisi yao ya hakimiliki, COSOTA, na sheria yao ya 1999, sisi tuna yetu, COSOZA, na sheria yetu ya 2003, kwa hivyo fomu za kushusha kutoka mtandao wa Dar zisitumike hapa. Na kibali cha kuonesha filamu kutoka BASSFU, baraza la sanaa na ukaguzi wa filamu la Zanzibar, ni jambo jengine, hakikujibii melodi ni ya nani. Wameandika ukurasa mmoja na nusu. Melodi ni ya mtunzi. Dairekta ana ruhusa ya kuitumia kwenye filamu hii na trela yake, si kwenye filamu nyengine. Mwisho wa filamu pameongezwa mstari unaosema melodi ya mandhari ya bandarini ilitungwa awali kwa mchezo wa jukwaani, na jina la mchezo na la kikundi yametajwa. Jamaa kwa upande wake anatunga melodi nyengine ya kufungia filamu bila ya malipo ya ziada, na hiyo iwe mpya kweli kweli.

Dairekta katia saini ila bado anataka ile sehemu ya udi ipunguzwe, mwenzetu hataki, wanavutana huko. Kikundi nao wamefurahi kutajwa, wamefurahi kupita kiasi, wanataka kuurudisha mchezo Ngome Kongwe na juzi nasikia wanasema dairekta awalipe kwa sababu filamu inatumia jina lao. Hilo nshawaambia waende wenyewe COSOZA wakaulize, mi napiga fidla.